Majina ya Ng'ombe Wasiozaliwa

Mzee Anastazi tumemzika Jumanne, mvua inatunyeshea, na tangu siku hiyo chakula hakinipiti vizuri, ndiyo maana nimeketi kuandika mambo ambayo siku zote nilikuwa nayasema kwa mdomo tu. Kuandika si kazi yangu. Shule yangu iliishia darasa la nne kule Ngara, upande wa Tanzania, na Kiswahili hiki ndicho nilichovuka nacho kuja Kigali, pamoja na godoro na fimbo. Kazi yangu ni kuita ng'ombe. Kwa asiyejua: hapa kwetu familia ya kijana ikienda kuomba binti, inapeleka ng'ombe, na mtu mmoja anajitokeza mbele ya wageni, kavaa kofia na mabuti ya mpira, fimbo mabegani, anawasifu ng'ombe wale mmoja mmoja kwa majina, kwa shairi linalokimbia, pumzi unaivuta pale tu unapoiba nafasi. Mtu huyo ni mimi, na mpaka leo nywele nyeupe hivi bado wananiita. Ya ukoo wangu nayaacha, hayana kazi hapa. Nataka kuusema mwaka mmoja, mwaka wa Dada Frazia, mke wa Anastazi, aliyeandika riwaya za nyota na za watu ambao bado hawajazaliwa, na mashairi pia, na aliyelitafuta jina moja la ng'ombe mpaka akafa. Jina hilo nimeishi nikiamini kwamba mumewe analijua. Nilikuwa naogopa tu kumwuliza.

Tulikutana kwenye sherehe ya kuomba binti, Kanombe, karibu na uwanja wa ndege. Nilikuwa nakaribia thelathini, sijaoa, nimepanga chumba Remera ambacho ukinyoosha mikono unagusa kuta mbili. Niseme kwanza habari ya mjomba wangu, maana bila yeye hamtaelewa. Mjomba ndiye aliyenifundisha kuita, na alinipa sharti moja akiwa amenishika sikio: usimwite ng'ombe ambaye hujamwona kwa macho yako. Asubuhi ya sherehe nenda zizini, mtazame pembe, mtazame anavyokanyaga, halafu ndiyo umsifu. Ukimwita ambaye hayupo, alisema, kuna kitu kitasikia na kitakuja, na hutakijua ni nini. Nililishika sharti hilo kama wengine wanavyoshika mfungo. Basi siku ile nimemaliza, jasho linanitoka, nanuka zizi, akaja mwanamke mrefu, miwani yake imefungwa kwa uzi upande mmoja, sambusa mkononi.

"Wewe, Kiswahili chako cha wapi?"

"Cha Ngara, dada."

"Mimi Karagwe. Haya niambie. Ng'ombe akiwa hayupo, unamwitaje?"

"Simwiti."

"Na akiwa hajazaliwa?"

"Dada, wamekupa pombe gani hawa?"

"Nimekunywa maji," akasema, na hakucheka. "Jumamosi njoo kwa Mama Zubeda, Remera, tukitoka kazi ya pamoja ya mtaa. Utakula, na utanisikiliza. Ukiona nina wazimu, utakuwa umeshiba."

Mama Zubeda alikuwa Mtanga. Alimfuata mume dereva wa malori mpaka Kigali, mume akaendelea na safari na hakurudi, yeye akafungua mgahawa. Ulikuwa nyuma ya maduka, si mbali na kituo cha mabasi, chumba kimoja chenye meza nne na vitambaa vya plastiki vyenye picha za zabibu, na uani jiko la mkaa. Nazi zilimfikia kwa basi kutoka Dar, zingine zimeshaoza, na maharage yake ya nazi, mimi nimekula sehemu nyingi, sijapata mengine. Hapo ndipo Dada Frazia alipozisoma sura zake. Siku za kazi alifundisha hesabu kwenye shule ya sekondari, ndiyo maana Mama Zubeda alimwita Mwalimu, lakini Jumamosi alitoa karatasi kwenye mkoba, akavua miwani, akaisogeza karatasi karibu na pua, akasoma kwa sauti kama mtu anayemsomea mgonjwa. Riwaya yake ya kwanza ilikuwa imechapwa Dar, kitabu chembamba chenye picha ya roketi ambayo aliichukia. Aliiuza mwenyewe pale kituoni, kutoka mkononi, na watu walidhani ni vitabu vya dini. Kigali wakati ule Kiswahili kilikuwa lugha ya soko na ya askari. Mtu wa heshima alisoma Kifaransa, na waliotoka Uganda Kiingereza. Kuandika riwaya ya Kiswahili, tena ya mambo ya angani, kulikuwa sawa na kupiga ngoma chini ya maji.

Riwaya ya pili ndiyo ninayoisema. Vilima vya nchi vimekauka, mito imebaki mchanga, na watu wanapanda chombo kikubwa kwenda nyota ambako kuna majani. Safari ni ndefu mno. Wanaopanda hawatafika, watoto wao hawatafika, watakaofika ni wajukuu wa wajukuu. Ng'ombe hawapandi, nafasi hakuna, zinabebwa mbegu zao tu, kwenye barafu. Na wanambeba mtu mmoja wa kuwaita. Mtu huyo anamfundisha mwingine, naye mwingine, mpaka mwisho wa safari, kwa sababu ng'ombe akizaliwa kule na hakuna aliyemwita, hatajua yeye ni wa nani, na watu wenyewe watasahau wao ni nani. Riwaya yote inakwenda kwenye hilo shairi la mwisho, siku ya kutua, mwitaji amesimama kwenye majani ambayo hajawahi kuyaona, anaita kundi ambalo bado ni barafu.

Mama Zubeda alisikiliza kutoka mlangoni, mwiko mkononi. "Mwalimu, hao watu huko juu wanapikia nini? Mkaa wanautoa wapi?"

"Hakuna mkaa, Mama Zubeda. Kuna moto wa umeme."

"Moshi hakuna?"

"Hakuna."

"Basi hao wamekwisha. Mtu asiyenusa moshi wa jikoni kwao atajuaje kama mama yake bado hai?"

Tukacheka. Jumamosi iliyofuata kulikuwa na sura mpya: bibi kizee ndani ya chombo anachoma uzi wa nguo yake kwa siri, ili anuse moshi, na wanamkamata. Mama Zubeda aliposikia aliingia ndani, hakutoka mpaka chai ilipopoa.

Mimi nilikataa kuwaita wale ng'ombe. Nilimwambia waziwazi, sharti la mjomba ni hili, siwezi. Dada Frazia akanitazama. "Ndiyo maana nakutaka wewe," akasema. "Asiyeogopa ataita tu, kama anayesoma majina ya wanafunzi." Tukakubaliana hivi: mimi nitamfundisha mwendo, mahali pa kupumua, namna jina linavyobeba sifa na sifa inavyozaa jina jingine, na majina atayatafuta mwenyewe. Ndivyo nilivyoanza kwenda nyumbani kwake Kanombe.

Nyumba ile bado naiona. Mlango wa bati wa kijani, uani sufuria zimeegeshwa ukutani, sebuleni makochi yenye vitambaa vya kufuma, na chumba chake kilichokuwa stoo zamani, bado kinanuka mahindi. Meza aliielekeza ukutani. Nilimwuliza kwa nini asiielekeze dirishani, ndege zinapita pale unaziona mpaka magurudumu. Akasema ndege zinamwonyesha zilivyo, na yeye anataka za kwake. Ndege ikipita bati lilitetemeka na mazungumzo yalikatika, kila mtu anangoja na mdomo wazi, halafu tunaendelea pale pale tulipoachia. Watu wa Kanombe wote wanaongea hivyo. Mumewe Anastazi alikuwa zimamoto wa uwanja wa ndege. Alikuwa mtu mnene, mpole, amezaliwa Kigali na kukulia Kigali, na Kiswahili chake kilikuwa cha hapa hapa.

"Kura, sha, chakula iko inapoa," aliniambia siku ya kwanza, yaani kula, rafiki. Ugali wa muhogo, kisamvu kilichopikwa na karanga, maziwa ya mgando kwenye kibuyu. "Unajua bibi yangu iko anaandika ndege yenye haitui? Mimi kila siku nangoja ndege ianguke. Yeye anangoja ifike. Hii nyumba ni ya watu ya kungoja tu."

"Na ikianguka?" nikamwuliza.

"Nazima. Lakini haianguki. Mimi nimenenepa bure."

Dada Frazia akampiga begani kwa kijiko. Walipendana wale. Nimeoa baadaye, nimezaa, na nasema kwa haki, sijapendwa hivyo.

Miezi ya kiangazi tulifanya kazi. Aliandika, akanisomea, mimi nikapiga mwendo kwa fimbo sakafuni, akafuta, akaandika tena. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kuona mtu anafanya shairi polepole. Sisi tunalitoa likiwa moto, likitoka limetoka. Yeye alikaa na jina moja wiki nzima. Haya ni baadhi, sijawahi kuyaandika kabla ya leo:

Namwita Mvuka-Kiza, aliyevuka pasipo maji,
pembe zake zimepanda zikakuta hakuna juu;
namwita Sina-Kwato, ardhi haijamwonja,
mama yake ni barafu, baba yake ni ahadi;
namwita Ngoja-Jua, maziwa yake yamelala,
na atakayeyanywa hajapewa mdomo bado.

Liliendelea hivyo, ng'ombe kwa ng'ombe. Wa mwisho kuitwa ndiye angekuwa wa kwanza kuzaliwa, ndiye atakayekanyaga majani yale, na jina lake lilitakiwa kufunga riwaya yote. Hilo hakuwa nalo. "Litakuja," alisema. Hakuwa na haraka, wakati huo.

Sasa nafika mahali ambapo, nikisimulia kwa mdomo, huwa naomba maji. Ilianza na vitu vidogo. Alisema "nipe ile ya kufunika" akitaka mfuniko. Alimwita Anastazi "wewe" siku nzima, na Anastazi akadhani amemkosea. Tukasema uchovu, shule imejaa, watoto wengi darasani. Halafu Jumamosi moja, mvua za vuli zimeanza, kwa Mama Zubeda pamejaa, watu wanakausha miguu, Dada Frazia anatusimulia sura mpya bila karatasi. Anasema, wakafika kwenye chumba cha barafu, mwitaji akafungua mlango, akawaona pale wamelala, wale, wale. Akasimama. Tukangoja, tukidhani ni ufundi wa msimulizi. "Wale," akasema tena, na mikono yake ikapanda kichwani ikatengeneza pembe.

Mama Zubeda akacheka, hakuwa na ubaya. "Mwalimu, hata mimi mtu wa pwani namjua ng'ombe."

Dada Frazia hakucheka. Alinitazama mimi. Nimemwona ng'ombe akiteleza kwenye daraja la miti, mguu umeshatoka na yeye bado amesimama. Macho yalikuwa hayo.

Hospitali walimpiga picha ya kichwa wakaona uvimbe, upande wa kushoto, mahali ambapo maneno yanakaa. Daktari alieleza vizuri, sina lawama. Alisema kukata kunawezekana, lakini kukata pale ni kukata na maneno yenyewe, na asipokatwa uvimbe utayala taratibu. Nilikuwepo, nimekaa kwenye benchi la korido, fimbo yangu katikati ya magoti kama mshamba, na niliwasikia wakitoka. Anastazi alisema kwa Kinyarwanda, akatwe kesho, namtaka mke wangu hata akiwa bubu. Dada Frazia akajibu, "Baada ya shairi." Anastazi akasema shairi ni la watu ambao hawapo. Akajibu, "Na mimi siku si nyingi sitakuwepo. Ataniita nani, wewe?" Anastazi akageuka akaukabili ukuta wa hospitali, mtu mzima, na magwanda yake ya zimamoto, akaupiga kwa paji la uso, mara moja tu, taratibu, kama anayebisha hodi.

Siku nyingine mvua ilinifungia kwao, nimekaa sebuleni, na ukuta wa stoo ulikuwa mwembamba. Nikamsikia akimwambia mumewe, "Nikianza kukuita kwa jina lisilo lako, wewe itika tu."

"Naitika," Anastazi akasema.

"Hata nikikuita sufuria."

"Hata sufuria. Nimenenepa sawa na sufuria."

Halafu nikawasikia wanacheka, halafu nikasikia si kicheko tena. Nikatoka nikasimama mvuani.

Akaweka sheria. Neno likimpotea, mtu asimpe. "Usinipe," alisema, "ukinipa ni lako, si langu." Tulikaa basi tukingoja. Hamjui adhabu ile. Kuna kikombe mezani, mtu anakitaka, unalijua neno, liko mdomoni mwako limejaa, na yeye anazunguka, anasema cha chai, cha mkono, anatokwa jasho, na wewe unakaa kimya kwa sababu amekuomba. Maneno ya Kifaransa yalikwenda kwanza, halafu hesabu, shule wakampumzisha, halafu Kiswahili kikaanza kutoboka. Cha ajabu, shairi lilibaki. Nikipiga mwendo sakafuni majina yote yalimtoka, Mvuka-Kiza, Sina-Kwato, Ngoja-Jua, safi kabisa, na likifika mwisho anasimama. Ukiacha mwendo hajui hata kijiko. Daktari alisema inatokea, kilichoimbwa kinakaa chumba kingine.

Kwa hiyo ilibidi niite. Alikuwa hana tena pumzi ya kuanza mwenyewe. Nilisimama katikati ya stoo, nikaweka fimbo mabegani, nikawaita ng'ombe ambao hakuna jicho limewaona, na sauti yangu ilikuwa ya mtu anayevunja kitu cha mjomba wake. Niliita ili akifika pale mwisho, mwendo umsukume na jina litoke. Halikutoka. Kesho yake tena. Wiki yake tena. Nilianza kuamini ni mimi. Nimemwita asiyekuwepo, na kilichosikia kikaja ndicho hiki kilichomo kichwani mwake. Nikamwambia, sikuweza kubeba peke yangu. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akatafuta maneno, muda mrefu, ndege ikapita, tukangoja ipite, akayapata: "Ulianza kuita baada. Chenyewe kilikuwa kimeshafika." Akanishika mkono. "Endelea. Labda kitachoka."

Hakikuchoka. Mvua za masika zilipoanza alikuwa hasemi tena, wala shairi halimtoki, midomo inafuata tu. Mikono ilikuwa imepoteza kuandika kabla ya hapo. Anastazi alikuwa ameingiza kitanda stoo na kuigeuza meza, mkewe sasa akalala akitazama dirisha na ndege, na sijui kama alimsamehe kwa hilo. Mama Zubeda alikuja kila adhuhuri na uji wa mchele kwenye chupa ya chai, akamlisha akimpigia soga za Remera, nani kafunga duka, nani kaoa juu ya mke, na hakumwuliza swali hata moja, kwa sababu swali linataka jibu. Mimi sikuwa na akili hiyo.

Siku ya mwisho niliyomwona ilikuwa saa za mchana, jua limetoka katikati ya mvua mbili. Nikaita kuanzia mwanzo. Nilipofika kwa ng'ombe wa mwisho nikanyamaza kama kawaida, na Dada Frazia akakaa. Alikuwa hajakaa mwenyewe siku nyingi. Akanishika kifundo cha mkono kwa nguvu ambayo sijui aliitoa wapi, macho yake yamewaka.

"Limekuja?" nikamwuliza.

Akaitikia kwa kichwa, ndiyo.

"Jina lake? La mwisho?"

Ndiyo, ndiyo. Machozi yalimshuka na alikuwa anacheka bila sauti. Nikampa kalamu, akaishika kama fimbo, akachora mistari iliyosimama, moja na nyingine, ungesema ua wa zizi, basi. Nikamtazama midomo. Ilifunguka, ikafunga, ikafunguka. Hakuna kitu. Nikaanza kumtajia majina, sheria nikaisahau, nikataja yote ninayoyajua, ya mjomba, ya sherehe zote nilizoita, na kwa kila moja alitikisa kichwa, hapana, hapana, akinihurumia. Mwishowe akalala. Nilitoka pale, Mungu anisamehe, nina furaha. Nilisema limepatikana, sasa kazi ni kulitoa tu, kesho nitakuja na njia. Alifariki kabla sijapata njia.

Anastazi alipeleka karatasi za riwaya kwa mchapaji mjini. Mchapaji akazifungua akauliza, "Mwisho yake iko wapi?" Anastazi akasema haiko. "Na Kiswahili hapa nani iko anasoma?" Akarudi nazo kwenye katoni. Miaka ikapita, akastaafu, akahamia Gahanga kwenye kiwanja alichonunua zamani wakati kule bado ni mashamba ya mihogo, na katoni ikawekwa chini, mchwa wakaikuta. Sasa Kiswahili ni lugha ya serikali, kimeandikwa mpaka kwenye noti, na riwaya ni udongo. Imebaki sehemu ninayoishika mimi, lile shairi peke yake, na mimi nina umri. Mwezi uliopita nilimruka Ngoja-Jua kabisa, sikumbuki nilivyofika upande wa pili. Nimetafuta mtu wa kumfundisha. Vijana wanaoita siku hizi wanajifunza kwenye simu, wanaita wote maneno yale yale, na nikiwaambia kuna shairi la Kiswahili la ng'ombe wa angani wananiambia mzee, pumzika.

Na ng'ombe wenyewe hawapo. Hilo nisingeliamini mwaka ule. Juzi nimeita kwenye ukumbi wa vioo, Gahanga, vyakula vimefunikwa kwa karatasi ya kung'aa, msemaji wa familia akasimama akasema ng'ombe wetu wako malishoni, na kila mtu mle ndani anajua malishoni kumejengwa nyumba. Hakuna zizi la kwenda kutazama asubuhi. Nasimama na mabuti yangu safi, yananuka duka, naita kundi ambalo halipo mbele ya watu ambao hawajawahi kukama. Kwa hiyo naita la kwake. Nimeligeuza Kinyarwanda kwa ajili ya sherehe, naita mpaka ng'ombe wa mwisho, nanyamaza. Wanapiga makofi. Wanadhani ndiyo madoido.

Wiki kabla hajafa, Anastazi alinitumia ujumbe niende. Unene ulikuwa umemwisha, shuka lilikuwa kama limetandikwa bila mtu. Nilikaa kando ya kitanda, na swali langu nimelibeba mdomoni tangu kituo cha basi, maana nilijiambia nisipomwuliza leo basi tena. Akanitangulia.

"Tadeo," akasema, "mimi sasa naenda. Niambie ile jina."

"Jina gani, mzee?"

"Ya ng'ombe ya mwisho. Mimi nilimwuliza Frazia, siku ile umetoka. Nikasema, umeipata? Akafanya hivi." Akaitikia kwa kichwa kwenye mto, ndiyo. "Nikasema, basi, amemwambia Tadeo. Ni mambo ya kazi yao, nisiingilie. Lakini sasa nataka niende nayo. Nikimkuta, nimwite ng'ombe yake."

Nilikuwa na majina. Mtu wa kazi yangu hakosi jina, ningeweza kumpa moja zuri palepale, na angekufa nalo ametulia, na nani angejua? Nililiona linakuja mpaka kwenye meno. Nikamwona Dada Frazia anasema usinipe.

"Mzee," nikasema, "nimekuja kukuuliza wewe."

Nilidhani atalia. Kifua kikaanza kumtikisika, kidogo kidogo, kumbe anacheka. "Yewe," akasema. "Kumbe sote tulikuwa tunangoja." Akafumba macho. "Labda alisema ndiyo ili tufurahi. Alikuwa hivyo." Na hilo ndilo linaloninyima usingizi, kwa sababu sasa sijui ni lipi baya zaidi: kwamba alikuwa nalo na likaoza pamoja naye akiwa amelishika, au kwamba hakuwa nalo, akatuona nyuso zetu, akatupa ndiyo kama mtu anavyompa mgeni chakula cha mwisho ndani ya nyumba.

"Zitaje," Anastazi akasema. "Zote. Ukifika pale, simama, tusikie."

Nikawaita, nimekaa, kwa sauti ndogo. Nilipofika pale nikasimama. Tulisikia jirani anapasua kuni, na bomba linadondoka. Anastazi aliinua kidole kama mtu anayesema ngoja, kidogo tu, halafu akakishusha.

Jumanne makaburini waliniomba niseme neno. Neno sina, nikasema, nina kuita tu. Nikaita kwa Kiswahili, kama alivyoliandika, wengi pale hawakuelewa, walisikia mwendo. Mvuka-Kiza, Sina-Kwato, Ngoja-Jua, siku hiyo sikumruka hata mmoja. Nikafika kwa ng'ombe wa mwisho, nikanyamaza. Mvua ilipiga miavuli. Hakuna aliyepiga makofi, ni msiba, walisubiri tu, na mimi nilisubiri nao, fimbo mabegani, maji yananiingia kwenye mabuti. Mwishowe padri akanisogelea, akaniuliza polepole kama nimemaliza.

Nikamwambia bado.